Saa saba zilizookolewa, saa mbili zilizoonekana: uchambuzi wa kisa

Mhasibu mmoja, mama wa watoto wawili wa shule ya msingi, anajiandaa kwa mtihani wa kitaaluma. Anahitaji saa 5 kwa wiki za kusoma. Mume wake anafanya kazi kwa zamu. Nyumbani kuna mashine ya kufulia, manunuzi yanaagizwa kwa simu, na bili zote zinalipwa kwa simu vilevile. Kwa hesabu yake, mambo hayo matatu yamemwokolea saa 7 kila wiki: 4 za kufua, 2 za manunuzi na 1 ya bili. Hata hivyo miezi mitatu imepita na kitabu bado kiko sura ya pili. Analala saa 5:10 usiku, anaamka saa 11:30 alfajiri, na kila siku anahisi amechelewa.

Kisa ni cha mfano na takwimu zake za nyumbani na ofisini tumezipanga wenyewe ili hesabu ifuatike hatua kwa hatua. Hali yenyewe lakini ni ya watu wengi, na swali ni moja: saa zile 7 zimekwenda wapi?

Jibu la haraka huwa ni uvivu, au simu. Yote mawili hayatoshi. Muda hauwekwi akibani. Dakika 10 ulizookoa Jumatatu huwezi kuzitoa Ijumaa. Usipozipangia kazi kabla hazijapatikana, zinachukuliwa na jambo lolote lililo karibu. Kwa hiyo kila kifaa au mbinu ya kuokoa muda ina maswali mawili ya kujibu: imepunguza dakika ngapi kwa kweli, na dakika hizo zimetokea zikiwa kipande kimoja au zimesambaa? Mhasibu wetu hakuwa amejiuliza hata moja.

Hatua ya kwanza ni shajara ya muda. Inatosha kuandika siku tatu za kazi na siku moja ya mapumziko, kwenye karatasi unayotembea nayo. Andika saa ya kuanza tu. Kazi inayofuata ikianza, ile ya kwanza imekwisha. Hakuna haja ya safu mbili. Andika papo hapo, kwa sababu shajara inayojazwa usiku kwa kukumbuka hutoka na namba za mviringo: nusu saa, saa nzima, robo saa, na dakika 7 za kutafuta funguo hazimo kabisa. Simu nayo hupotea kwenye shajara kwa sababu haianzi wala haiishi kama kazi. Inaingia katikati ya kazi nyingine. Dawa yake ni kuweka alama ndogo pembeni mwa mstari kila unapoishika. Kosa la mwisho, na ndilo linaloharibu shajara nyingi, ni kuanza kujirekebisha wakati bado unapima. Siku hizo nne ishi kama kawaida, hata pale unapojionea aibu.

Shajara ya mhasibu ilianza kusema kwenye kufua. Zamani alifua kwa mkono mara mbili kwa wiki, saa 2 kila mara. Mashine ilipokuja, mizunguko ikawa mitano kwa wiki. Mashine inazunguka yenyewe, lakini haitengi nguo, haianiki, haianui wala haikunji. Kutenga na kupakia ni dakika 8, kuanika 12, kuanua, kukunja na kuweka kabatini 15. Jumla dakika 35 mara 5, yaani dakika 175. Zamani zilikuwa 240. Amepata dakika 65 tu, si saa 4.

Kwa nini mizunguko mitano? Kwa sababu kufua kulipokuwa kugumu, shati lililovaliwa saa mbili lilirudi kwenye henga. Kulipokuwa kwepesi, likaenda kapuni. Jambo hili lina historia. Nchini Marekani, tafiti za matumizi ya muda zilionyesha kwamba akina mama wa nyumbani wasio na ajira walitumia saa zaidi ya 50 kwa wiki kwenye kazi za nyumbani miaka ya 1920, na bado walikuwa hapohapo miaka ya 1960, ingawa katikati walipata umeme, maji ya bomba, mashine na jokofu. Mwanahistoria Ruth Schwartz Cowan alieleza sababu mwaka 1983: vifaa vilipunguza ugumu wa kazi, lakini kiwango cha usafi kilipanda, na kazi zilizokuwa zikisaidiwa na wanaume, watoto au watu wa kulipwa zikamrudia mtu mmoja. Nyumba ya mhasibu wetu imepita njia hiyohiyo kwa kiwango kidogo.

Manunuzi nayo yalisema hivyohivyo. Safari moja ya dukani kwa wiki ilikuwa dakika 120. Kuagiza kwa simu ni rahisi, basi anaagiza mara tatu: dakika 20 za kuchagua na 15 za kupokea na kupanga, mara 3, ni dakika 105. Faida ni dakika 15. Kuna gharama nyingine ambayo haionekani kwenye jumla hiyo. Mzigo unaletwa "kati ya saa 11 jioni na saa 2 usiku". Saa tatu hizo mtu wa nyumbani amefungwa. Hawezi kutoka, hawezi kuanza kitu kinachohitaji utulivu, anasubiri mlango ugongwe. Kusubiri kwa namna hiyo huharibu muda mrefu kuliko dakika zake.

Bili ndizo zilizotoa faida halisi, wastani wa dakika 50 kwa wiki. Ila zamani alikuwa akipanga foleni mara moja kwa mwezi, kwa kuomba ruhusa kazini. Muda uliookolewa umerudi ofisini, haukuja nyumbani.

Jumla yake: 65, 15 na 50 ni dakika 130. Saa 2 na dakika 10 badala ya saa 7, na katika hizo, zile zilizofika nyumbani hazikuwa na kipande kimoja kinachozidi dakika 15. Hakuna anayesoma kanuni za kodi kwa vipande vya dakika 6.

Ofisini ndiko kulikokuwa na muda mwingi kuliko kote, nasi tukae hapo kidogo. Kazi yake kubwa ni kuhakiki maombi ya malipo, 18 kwa siku. Kila ombi lina hati tatu za kulinganisha: oda ya ununuzi, hati ya mapokezi ya bidhaa na ankara. Anaangalia kama kiasi kilichoagizwa ndicho kilichopokelewa, kama bei ya ankara ndiyo ya oda, kama kodi imekokotolewa sawasawa, kisha kama fungu la bajeti lina fedha. Kazi hiyo yenyewe ni dakika 5. Lakini maombi yanaingia moja moja, na yeye anayashughulikia yanavyoingia. Kila mara anafungua mfumo, ambao umejifunga kwa kukaa bila kutumika, anaingiza nywila, anafungua jedwali la bajeti: dakika 3. Akimaliza, anarudi kwenye kazi aliyoiacha na kutafuta alipoishia: dakika 2. Ombi la dakika 5 limekuwa la dakika 10. Mara 18, ni dakika 180.

Akiyakusanya na kuyafanya kwa vikao viwili, saa 4:00 asubuhi na saa 9:00 alasiri, hesabu inageuka. Kufungua mfumo mara mbili ni dakika 6, kuhakiki maombi 18 ni dakika 90, kurudi kwenye kazi nyingine mara mbili ni dakika 4. Jumla 100. Amepata dakika 80 kwa siku bila kuharakisha uhakiki hata kwa sekunde moja, na hilo ni muhimu, kwa sababu mhasibu anayeharakisha uhakiki huilipa ankara moja mara mbili, kisha anatumia wiki kuifuatilia.

Dakika 2 za kurudi tulizoweka ni za kutafuta ukurasa na mstari tu. Akili hurudi kwa kuchelewa zaidi. Mtafiti Sophie Leroy alionyesha mwaka 2009 kwamba mtu anapoacha kazi kabla haijaisha, sehemu ya mawazo yake hubaki kule, na kazi mpya huifanya kwa kiwango cha chini. Mwaka 2018 yeye na Theresa Glomb walipata njia ya kupunguza tatizo hilo: kabla ya kuhama, andika kwa ufupi umefika wapi na hatua inayofuata ni ipi. Kwa mhasibu ni mstari mmoja kwenye kikaratasi: "Usuluhishi wa benki, nimefika tarehe 14, angalia hundi iliyorudi." Inachukua nusu dakika.

Vikao viwili vina hasara yake, nayo isifichwe. Anayeleta ombi saa 4:30 atasubiri hadi saa 9:00. Asipoelezwa mapema, atakuja mlangoni, na kila anayekuja mlangoni anarudisha gharama ileile tuliyokuwa tunaiondoa. Kwa hiyo saa za vikao zinatangazwa kwa idara zote, na unawekwa mlango mmoja wa dharura wenye sharti linaloeleweka: malipo ambayo yakichelewa hadi kesho yatasimamisha kazi au kuleta faini. Mkuu wake ndiye anayeamua lipi linapita hapo. Mhasibu akiachiwa kuamua mwenyewe, atashindwa kukataa na baada ya wiki mbili kila ombi litakuwa la dharura.

Je, dakika 80 zilifika nyumbani? Hapana, si zote. Mwaka 1955 Cyril Northcote Parkinson aliandika kwamba kazi hupanuka hadi ijaze muda uliopo, na dakika 30 kati ya hizo 80 zilimezwa na kazi nyingine za idara. Zilizobaki 50 alizipata kwa sababu alikubaliana na mkuu wake kutoka saa 11:00 jioni badala ya saa 11:50. Bila makubaliano hayo angeokoa muda wa mwajiri tu. Na hata hizo 50 zilipungua barabarani: akitoka saa 11:50 safari ni dakika 60, akitoka saa 11:00 anakutana na foleni yenyewe na safari ni dakika 70. Nyumbani zimefika 40.

Asubuhi, barabara hiyohiyo ilimpa faida. Akiondoka saa 12:50, safari ni dakika 65 na anafika saa 1:55. Akiondoka saa 12:30, safari ni dakika 45 na anafika saa 1:15. Ametangulia kwa dakika 20 tu, akafika mapema kwa dakika 40. Sababu ni tabia ya foleni yoyote ile. Katika mfano rahisi wa hisabati wa foleni, wenye mhudumu mmoja, wateja wanaofika bila mpangilio na muda wa kuhudumiwa usiotabirika, mhudumu akiwa na kazi asilimia 80 ya muda wake, mteja husubiri kwa wastani mara 4 ya muda wa kuhudumiwa. Ikiwa asilimia 90, mara 9. Ikiwa asilimia 95, mara 19. Barabara si mhudumu mmoja, lakini nayo ikikaribia kujaa, magari machache ya ziada huleta ucheleweshaji mkubwa mno. Anayetangulia kidogo anakwepa sehemu ile ya mwisho iliyo ghali kuliko zote.

Hapo ndipo kilipopatikana kipande kizima: dakika 45 tulivu, saa 1:15 hadi saa 2:00, kabla ofisi haijafunguka. Kiliwezekana siku tatu kwa wiki, zile ambazo zamu ya mume huanza mchana na yeye ndiye anayewapeleka watoto shule. Siku mbili zilizobaki mama anawafikisha mwenyewe.

Lakini dakika 20 za kutangulia zitoke wapi? Kishawishi ni kuamka saa 11:10. Sisi tunakipinga bila kusita. Analala saa 6 na dakika 20, na wataalamu wa usingizi wanapendekeza mtu mzima apate saa 7 au zaidi. Mwaka 2003 Hans Van Dongen na wenzake walichapisha utafiti ambamo watu waliolala saa 6 kwa usiku kwa wiki mbili walidhoofika umakini kufikia hali ya mtu aliyekesha bila kulala kabisa, na wao wenyewe hawakujitambua kwa kiasi hicho. Mwanafunzi anayeiba usingizi ili asome analipa kwa kumbukumbu ileile anayoihitaji kwenye mtihani.

Dakika 20 zilitoka ndani ya asubuhi yenyewe, kwa mbinu iliyozaliwa kiwandani. Mwaka 1969, katika kiwanda cha Toyota, mhandisi Shigeo Shingo alishughulikia mashine ya kukandamiza chuma ya tani 1,000 ambayo kubadilisha kalibu zake, yaani vyuma vinavyokipa chuma umbo, kulichukua saa 4. Muda ulishushwa hadi dakika 90, kisha hadi dakika 3. Kiini cha njia yake ni kutenganisha kazi ambazo lazima mashine isimame na zile zinazoweza kufanywa ikiwa bado inazunguka, kisha kuhamisha nyingi iwezekanavyo kwenda kundi la pili.

Asubuhi ya mhasibu ni dakika 80, saa 11:30 hadi 12:50. Kuoga, kuvaa na kifungua kinywa haviwezi kufanywa jana. Kupiga pasi sare mbili (dakika 13), kupanga mabegi (10) na kutia saini madaftari ya shule (4) vinaweza. Dakika 27 zimehama. 20 zinatumika kuondoka mapema, 7 zinabaki kuwa akiba ya ajali za asubuhi.

Zilipohama pia zilipungua. Pasi huchukua dakika 5 za kuandaa meza na kusubiri joto, kisha dakika 4 kwa nguo. Kila siku nguo mbili ni dakika 13, kwa siku tano 65. Nguo zote 10 Jumapili ni dakika 45. Mabegi yanapangwa jioni dakika ileile mtoto anapofunga daftari la mazoezi, vitabu vikiwa bado mezani: dakika 6 badala ya 10, na saini dakika 2, kwa kuwa daftari liko mbele yako. Saini ndiyo iliyokuwa hatari kuliko inavyoonekana. Kwa kawaida ni dakika 4, lakini siku daftari halionekani, ni 15. Mtu hupanga saa ya kuondoka kwa kuogopa siku mbaya, kwa hiyo kuondoa siku mbaya kunafaa kuliko kupunguza wastani.

Baba naye asisahaulike. Kama mama angeondoka saa 12:30 na kumwachia sare zisizopigwa pasi, asingekuwa ameokoa muda bali ameuhamishia kwa mwenzake, na mpango ungevunjika wiki ya kwanza. Anakabidhiwa watoto waliokwisha kuvaa na mabegi yaliyofungwa.

Kufua kulirudishwa kwenye mizunguko mitatu iliyojaa vizuri, dakika 40 kila mmoja, jumla 120 badala ya 175. Kujaza kuna mpaka: juu ya nguo ibaki nafasi ya kupitisha kiganja. Ukizidisha, nguo hazigeuki, sabuni haitoki, na unafua upya. Sabuni ikizidi nayo huleta povu, na mashine nyingi zikiligundua huongeza suuza bila kukuuliza. Mashati yaanikwe kwenye henga yakiwa mabichi. Yakikauka yanakwenda kabatini moja kwa moja, bila kukunjwa. Manunuzi yakawa mara moja kwa wiki, kwa orodha ya kudumu iliyohifadhiwa kwenye simu, na mzigo unaletwa Jumamosi asubuhi.

Sasa jioni. Dakika 40 zilifika nyumbani, 8 zikaenda kwenye mabegi na saini, zikabaki 32. Dakika 55 za kufua, zikigawanywa kwa siku 7, ziliongeza karibu 8 kwa siku. Jumla 40, nazo zilipangiwa kazi kabla hazijaonekana: kulala saa 4:30 badala ya saa 5:10. Saa 7 kamili. Hazikupewa kitabu, kwa sababu baada ya saa 3 usiku mhasibu huyu anasoma ukurasa mmoja mara tatu.

Kipande cha pili cha kusoma kilinunuliwa. Mtu wa kusaidia usafi anakuja Jumamosi, naye mama anatoka kwa saa 2. Ashley Whillans na wenzake walichapisha mwaka 2017 utafiti uliohusisha watu zaidi ya 6,000 wa Marekani, Kanada, Denmark na Uholanzi: waliotumia fedha kupunguza kazi wasizozipenda waliripoti kuridhika zaidi na maisha. Masharti ni mawili. Jumamosi mbili za mwanzo ni za kuelekeza, zisihesabiwe kuwa za kusoma. Na atoke nyumbani kweli. Akibaki sebuleni na kitabu, ataulizwa sabuni iko wapi, naye atasimama kwenda kuonyesha. Mzigo wa dukani anaupokea huyohuyo msaidizi.

Dakika 45 mara 3, pamoja na saa 2, ni saa 4 na dakika 15. Lengo lilikuwa 5. Upungufu wa dakika 45 ungeweza kuzibwa kwa kujaza mapengo yote ya wiki, na hapo zile namba za foleni zinarudi: wiki iliyojaa asilimia 95 haina pa kuweka homa ya mtoto wala gari lililoharibika, na jambo moja linapochelewa, yote yaliyo nyuma yake yanachelewa. Mhasibu aliacha mapengo yakae na kusogeza mtihani hadi msimu unaofuata. Wiki mtoto anapougua, vipindi vya asubuhi vinafutwa bila kufidiwa. Cha Jumamosi kinabaki.